Urejeshaji wa umakini: kwa nini bustani hupumzisha akili na simu haipumzishi

Baada ya saa nyingi mbele ya kompyuta, mtu husoma aya ileile mara tatu bila kuielewa, hukasirishwa na jambo dogo, na mkono hujiendea kwenye simu. Wengi husema macho yamechoka. Kilichochoka zaidi ni umakini wa kukusudia, yaani uwezo wa kushikilia jambo moja huku ukiyazuia mengine yasikuvute. Huko kuzuia ndiko kunakochosha, na kila arifa inayoingia huongeza kazi hiyo, hata usipoifungua.

Nadharia ya urejeshaji wa umakini iliwekwa na Rachel na Stephen Kaplan wa Chuo Kikuu cha Michigan, Marekani, ambao kitabu chao kikuu kilitoka mwaka 1989. Hoja yao ni kwamba umakini huo haupumziki kwa kuachwa tu bila kazi. Hupumzika pale kitu kingine kinapokushika bila kukulazimisha: majani yanayotikisika, mawingu, maji yanayopiga ufukweni. Waliuita mvuto mpole. Video fupi nazo huvuta bila juhudi, lakini huijaza akili yote, na baada ya kila moja kuna uamuzi mwingine: niangalie au nipite? Ndiyo maana nusu saa ya kuperuzi wakati wa chakula cha mchana humwacha mtu alivyokuwa, au hoi zaidi.

Mvuto peke yake hautoshi. Mahali panapaswa kukutenga na shughuli zako, pawe na upana wa kukufanya ujione umeingia kwingine, na pakubaliane na ulichokwenda kufanya. Sharti hili la mwisho husahaulika mno. Msitu unaouhofia kwa sababu ya vibaka haukurejeshei chochote, kwa kuwa utatembea ukiwa macho muda wote. Mwembe ulio uani nyumbani waweza kukufaa kuliko huo.

Mwaka 2008 Marc Berman, John Jonides na Stephen Kaplan walichapisha jaribio lililofanyika Ann Arbor, mji kilipo chuo hicho cha Michigan. Washiriki walisikilizishwa tarakimu na kuzirudisha kinyumenyume, kisha wakatembea karibu saa nzima, ama kwenye bustani ya miti ama katikati ya mji. Waliporudia zoezi la tarakimu baada ya matembezi, waliotoka bustanini walifanya vizuri zaidi, hata waliotembea kwenye baridi kali bila kuifurahia. Kwa hiyo faida haikutokana na kufurahi tu.

Kwa matumizi ya kila siku, tenga dakika 40 hadi 60 ukiweza. Simu izimwe sauti na ikae mfukoni. Ukiitoa kupiga picha na kuchagua iliyo nzuri, umerudi kazini. Mazungumzo ya kurekodiwa masikioni nayo yanadai umakini uleule unaotaka kuupumzisha. Usijilazimishe kutazama kitu fulani. Huna nafasi? Dakika chache dirishani penye miti zinasaidia, ila kwa kiasi kidogo. Na asiyelala vya kutosha asitegemee matembezi yamlipie usingizi.

Ukitaka kujipima kwa tarakimu kabla na baada, kumbuka kwamba mara ya pili mtu hufanya vizuri kwa mazoea tu. Watafiti wale waliliepuka hilo kwa kumpeleka kila mshiriki pande zote mbili, siku tofauti, baadhi wakianzia bustanini na wengine mjini.