San Francisco 1951: timu iliyoshinda kila mechi ikakosa mwaliko

Tarehe 1 Januari 1952, timu ya Chuo cha Pacific iliingia uwanjani mjini El Paso, Texas, kucheza Sun Bowl, mojawapo ya mechi za heshima zinazofunga msimu wa futiboli ya vyuo Marekani. Ilifungwa na Texas Tech 25-14. Wiki sita kabla ya hapo, Pacific walikuwa wamechapwa 47-14 na Chuo Kikuu cha San Francisco. Hao waliowachapa hawakualikwa popote, ingawa walikuwa wamecheza mechi 9 na kushinda zote 9.

Futiboli tunayoizungumzia hapa si kandanda. Ni ule mchezo wa mpira wenye ncha mbili na kofia ngumu, wachezaji 11 kila upande, ambapo timu hupewa nafasi nne za kusogeza mpira yadi 10, na ikifaulu hupewa nyingine nne, hadi iufikishe mpira nyuma ya mstari wa mwisho wa wapinzani na kupata pointi 6. Jambo la kushika hasa ni jinsi msimu ulivyokuwa ukimalizika. Vyuo vikubwa havikuwa na mashindano ya mtoano ya kumpata bingwa. Kulikuwa na mechi za mwaliko karibu na Mwaka Mpya: Orange Bowl mjini Miami, Sugar Bowl mjini New Orleans, Gator Bowl mjini Jacksonville na nyinginezo. Kila moja ilikuwa na kamati yake ya wenyeji, na kamati ndiyo iliyoamua nani aje. Mwaliko ulileta fedha na jina. Na mialiko mingi ilitoka Kusini, ambako sheria na desturi ziliwatenga Weusi na Weupe shuleni, kwenye mabasi, mahotelini na viwanjani.

Timu ya San Francisco ilikuwa ya chuo kidogo cha Wajesuiti, shirika la watawa wa Kikatoliki, ikifundishwa na Joe Kuharich. Ilikuwa na wachezaji Weusi wawili, Ollie Matson na Burl Toler. Matson alikuwa mkimbiaji wa mpira ambaye mabeki walimwona mgongo tu. Msimu ule alikimbia na mpira jumla ya yadi 1,566, akiongoza nchi nzima. Walipokwenda New York kucheza na Fordham, mara mbili aliupokea mpira wa kuanzishia na kukimbia nao mpaka mwisho, na San Francisco wakashinda 32-26. Toler alicheza ulinzi, na wenzake kadhaa walisema yeye ndiye aliyekuwa bora kuliko wote kikosini. Kauli hiyo ina uzito, kwa sababu watatu kati yao, Matson, Gino Marchetti na Bob St. Clair, baadaye waliingizwa katika Jumba la Mashujaa la futiboli ya kulipwa. Sijui timu nyingine ya chuo kidogo kiasi hicho iliyotoa watatu kwa mkupuo.

Mechi ya mwisho waliicheza Pasadena, California, katika uwanja wa Rose Bowl, wakaifunga Loyola 20-2. Kisha ikaja habari ya mwaliko. Kwa masimulizi ya wachezaji wenyewe, waliambiwa kwamba nafasi ya kwenda Kusini ingekuwapo endapo Matson na Toler wangebaki nyumbani. Walikataa. Wala hapakuwa na mjadala mrefu. Marchetti, mtoto wa wahamiaji wa Kiitalia, alikuwa amekwisha kupigana Ulaya katika Vita vya Pili vya Dunia kabla ya kuingia chuo. Kijana wa aina hiyo si wa kutishwa na kamati ya mechi.

Sababu iliyotolewa hadharani ilikuwa kwamba wapinzani wa San Francisco walikuwa dhaifu. Hoja hiyo isipuuzwe, maana ni kweli ratiba yao ilikuwa na timu za kambi za jeshi na vyuo vya kawaida, na kura ya waandishi wa michezo ya kupanga timu bora za nchi iliwaweka nafasi ya 14 tu. Kamati za mechi hizi pia zilikuwa tofauti, kila moja na vigezo vyake. Lakini ukiwa na Pacific mezani, waliofungwa kwa tofauti ya pointi 33 na bado wakaalikwa, hoja ya udhaifu peke yake haisimami.

Tusisahau pia mwaka wenyewe. Oktoba 1951 mjini Stillwater, Oklahoma, Johnny Bright wa Chuo Kikuu cha Drake, mchezaji Mweusi aliyekuwa miongoni mwa nyota wa nchi, alipigwa ngumi na mpinzani Mweupe hata taya likavunjika, tena wakati mpira hauko kwake. Picha za tukio hilo zilishinda Pulitzer, tuzo kubwa ya uandishi wa habari Marekani. Sugar Bowl yenyewe haikumpokea mchezaji Mweusi hadi Bobby Grier wa Pittsburgh alipocheza mwaka 1956, na hata hapo gavana wa Georgia alijaribu kuizuia timu ya jimbo lake isicheze naye.

Kukataa kule kulikuwa na bei. Futiboli ya chuo ilikuwa inakula fedha: vikosi vilikuwa vimeongezeka kwa kuwa kanuni mpya ziliruhusu kubadilisha wachezaji wa kushambulia na wa kulinda, na mjini San Francisco timu ya kulipwa ya 49ers ilikuwa ikivuta watazamaji katika uwanja uleule wa Kezar. Vyuo jirani vya Kikatoliki vilikuwa vikifunga timu zao kimoja baada ya kingine. Saint Mary's walikuwa wamekwisha acha. Fedha za mwaliko zingesaidia. Hazikuja, na mara baada ya msimu chuo kikaivunja timu ambayo haikuwa imefungwa hata mara moja.

Wachezaji wakatawanyika. Matson alikwenda Helsinki mwaka 1952 akarudi na medali mbili za Olimpiki, shaba ya mita 400 na fedha ya kupokezana vijiti, kisha akaingia futiboli ya kulipwa. Toler aliumia goti mwaka huohuo na hakuwahi kuicheza. Akawa mwalimu, kisha mkuu wa shule mjini San Francisco, na mwaka 1965 akawa Mweusi wa kwanza kuwa mwamuzi katika ligi ya kulipwa ya NFL. Kamishna wa ligi wakati huo alikuwa Pete Rozelle, ambaye mwaka 1951 ndiye aliyekuwa akiandika habari za timu ya San Francisco kwa ajili ya magazeti. Januari 1980 Toler alikuwa Mweusi wa kwanza kuchezesha fainali ya Super Bowl. Ilichezwa Pasadena, katika Rose Bowl, uwanja uleule alimoagana na wenzake miaka 28 nyuma.