Shamba limegeuka kiwanja, kibali cha ujenzi kiko wapi?

Pembezoni mwa miji yetu, kuanzia Mapinga na Kerege upande wa Bagamoyo hadi vijiji vilivyomezwa na Jiji la Dodoma, mashamba yanakatwa vipande na kuuzwa kwa jina la viwanja. Mnunuzi analipa, anapewa karatasi ya mauziano yenye mhuri wa serikali ya mtaa, anashusha mchanga na tofali. Msingi ukishapanda, ofisa wa halmashauri anafika, anaandika "SIMAMISHA UJENZI" kwa rangi nyekundu na kuondoka. Mgogoro unaanzia hapo, na mara nyingi unaanza vibaya, kwa sababu mhusika anakimbilia kuthibitisha kwamba eneo ni lake. Wala hakuna aliyembishia.

Kuna umiliki, kuna matumizi, halafu kuna kibali. Sheria ya Mipango Miji ya mwaka 2007 inakataza kuendeleza ardhi iliyo ndani ya eneo lililotangazwa kuwa la mipango bila idhini ya mamlaka ya upangaji, yaani halmashauri yako. Uwe umerithi kwa babu au umenunua jana, sharti ni hilohilo. Mwenye hati ya shamba naye asome masharti yaliyomo. Kama yanataja kilimo, kujenga nyumba za kupangisha kabla ya kuomba mabadiliko ya matumizi ni kuvunja masharti ya umiliki. Chini ya Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999, hilo linaweza kuleta onyo, faini, na likikomaa, Rais kufuta hati. Kwa upande mwingine, kibali cha ujenzi hakimfanyi mtu kuwa mmiliki: aliyejenga kwa kibali kwenye ardhi ya mwenzake bado yuko kwenye ardhi ya mwenzake.

Turudi kwenye ile karatasi ya mauziano, maana ndiyo inayokabidhiwa kwanza kila siku kwetu tunaoshauri wenye migogoro hii. Kwa kawaida ni ukurasa mmoja: majina, kiasi cha fedha, mashahidi wawili watatu, na mipaka iliyoandikwa "mashariki mwembe, magharibi njia ya ng'ombe". Mwembe ukikatwa, mpaka umepotea. Mhuri wa mwenyekiti wa mtaa unaonyesha kwamba alishuhudia, basi. Hauthibitishi kwamba eneo limepimwa, wala kwamba kwenye mchoro wa mipango miji halikutengwa kwa ajili ya shule au barabara. Majibu ya maswali hayo yako idara ya ardhi ya halmashauri, na ni vyema mnunuzi akayafuata kabla hajatoa hata senti ya kishika uchumba.

Kama eneo bado ni ardhi ya kijiji, mwenyekiti peke yake hana mamlaka ya kubariki mauzo. Anayeidhinisha ni halmashauri ya kijiji, kwenye kikao chenye muhtasari. Tangu mwaka 1985 Mahakama ya Rufani ilishaamua kwamba mauzo ya ardhi ya kijiji yasiyo na idhini hiyo ni batili. Kwa maoni yangu, muhtasari wa kikao una thamani kuliko mihuri kumi.

Sasa mlango wa kugonga. Jirani akikuvamia mpaka, unaanza Baraza la Kata. Tangu marekebisho ya mwaka 2021, baraza hilo linasuluhisha tu, halitoi hukumu. Siku 30 zikipita bila suluhu, unakwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya.

Lakini unayemlalamikia akiwa halmashauri, iliyokunyima kibali au inayotaka kubomoa, njia ni nyingine kabisa, na hapa ndipo watu wengi wanapoumia. Marekebisho ya mwaka 2020 yaliziingiza serikali za mitaa kwenye Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali. Lazima utoe notisi ya siku 90 ya kusudio la kushtaki, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Shauri linafunguliwa Mahakama Kuu, na Mwanasheria Mkuu anaunganishwa. Ukimwacha nje, shauri haliwezi kusimama, hata kama hoja zako ni za dhahabu.

Utauliza: notisi ya kubomoa ni ya wiki mbili, nitangojaje siku 90? Swali la haki. Mahakama Kuu hupokea maombi ya zuio la muda kwa kipindi hicho cha kusubiri, ambalo mawakili huliita zuio la Mareva. Halitolewi kwa kuombwa tu. Unapaswa kuonyesha kuna hoja ya kisheria ya kusikilizwa na kwamba hasara yako haitafidika. Anayeendelea kupandisha kozi za tofali usiku baada ya kupewa amri ya kusimama anajiharibia mwenyewe ombi hilo.

Kwa wenye mashamba ya asili waliokutwa na mji, tofauti ni kubwa. Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani ilitamka kwamba haki ya ardhi ya kimila ni mali inayolindwa na Katiba. Mipango miji ikihitaji eneo hilo, mwenyewe anastahili fidia. Dai lake ni la fidia, na vielelezo vyake ni fomu za uthamini, picha za mazao na majirani waliomkuta akilima.

Asiye na uwezo wa kumlipa wakili anaweza kuomba msaada chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017. Aje na notisi aliyopewa, picha ya ile alama nyekundu yenye tarehe, na kila barua aliyowahi kuipeleka halmashauri, iwe imegongwa mhuri wa kupokelewa.