Ben Kingsley, Gandhi na karafuu za Zanzibar: yanayosemwa na yaliyo kweli

Mtaje mwigizaji Ben Kingsley mbele ya watu watatu. Wa kwanza atasema, "Si yule Gandhi?" Wa pili atakwambia ni Mhindi wa India. Wa tatu ataapa kuwa ni Myahudi, kwa sababu kamwona kwenye filamu za mauaji ya Wayahudi. Wote watatu wana sababu ya kusema hivyo, na hakuna aliyepatia sawasawa. Mzizi wa makosa haya ni mmoja: filamu moja ya 1982, Gandhi, ilimmeza mtu mzima, na wengi hawajui alikotoka wala alikuwa akifanya nini kabla ya hapo.

"Ni Mhindi aliyezaliwa India"

Hapana. Alizaliwa tarehe 31 Desemba 1943 huko Snainton, kijiji cha Yorkshire, kaskazini mwa Uingereza, akakulia Pendlebury, kando ya Manchester. Jina alilopewa ni Krishna Pandit Bhanji. Mama yake, Anna Lyna Mary Goodman, alikuwa Mwingereza aliyefanya kazi ya uigizaji na uanamitindo. Baba yake, Rahimtulla Harji Bhanji, alikuwa daktari.

Baba huyo ndiye anayetuhusu sisi wa huku. Asili ya ukoo wake ni Gujarat, lakini yeye mwenyewe alizaliwa Kenya, akaishi Zanzibar mpaka alipofika miaka 14, ndipo akapelekwa Uingereza. Babu, Harji Bhanji, alitoka India akaja Zanzibar kufanya biashara ya viungo, na ikamlipa vizuri. Kwa hiyo kati ya India na Ben Kingsley kuna kituo kikubwa katikati, nacho ni Unguja.

Jina Krishna ndilo linalowafanya watu waamini pia kwamba ni Mhindu. Ukoo wa baba ulikuwa wa Waislamu wa madhehebu ya Ismailia, Makhoja. Anayewafahamu Makhoja wa pwani hashangai sana: majina kama Harji, Kanji na Premji hukaa nyumba moja na Rahimtulla bila ugomvi.

Tena tusimchanganye na Freddie Mercury, mwimbaji wa bendi ya Queen. Yule alizaliwa Zanzibar mwenyewe, mwaka 1946, na familia yake ilikuwa ya Waparsi, wafuasi wa dini ya Zoroaster kutoka India. Kingsley uhusiano wake na visiwa unapitia kwa baba na babu.

"Alijiita Kingsley ili kuukana ukoo wake"

Hii ndiyo inayoniudhi, kwa sababu nusu yake ni kweli. Alibadili jina kwa sababu ya ubaguzi, na hajawahi kuficha. Katikati ya miaka ya 1960, kijana anayeitwa Krishna Bhanji akienda kwenye usaili wa kampuni ya maigizo Uingereza, waliokuwa wakichagua waigizaji hawakujua wampe nafasi gani. Amesimulia kwamba aliwahi kusifiwa kwa usaili mzuri, kisha akaambiwa hawaoni pa kumweka katika msimu ujao. Alipokwenda kwingine na jina jipya, akaulizwa ataanza kazi lini. Sura ni ileile, sauti ni ileile. Baba yake aliunga mkono uamuzi huo.

Lakini jina lenyewe hakuliokota kwenye kitabu cha majina ya Kizungu. Ben lilikuwa jina la utani la baba yake alipokuwa akisoma Uingereza. Kingsley limetokana na jina la utani la babu: huko Zanzibar, kwa biashara yake, alijulikana kama King Clove, mfalme wa karafuu. Kumbuka Zanzibar ya enzi hizo ilikuwa kinara wa karafuu duniani. Mashamba yalipanuliwa mno tangu siku za Seyyid Said katika karne ya 19, na wafanyabiashara wenye asili ya India, Makhoja wakiwemo, ndio walionunua mazao na kuwakopesha wenye mashamba. Mtu kupewa cheo cha ufalme wa karafuu mahali kama pale si utani mdogo.

Kwa hiyo jina lililowafanya mabwana wa maigizo wa Uingereza wamwone ni mwenzao limetoka kwenye magunia ya Unguja. Na jukumu lililompa Oscar likawa la Mohandas Gandhi, ambaye familia yake nayo ilitoka Gujarat.

"Gandhi ilikuwa filamu yake ya kwanza, aliokotwa tu"

Hata waliotoa tuzo walichangia uvumi huu. Mwaka 1983, akiwa na miaka 39, BAFTA, tuzo za filamu za Uingereza, walimpa tuzo ya mwigizaji bora na papo hapo wakampa ya chipukizi. Golden Globe, tuzo za Marekani, nao wakafanya vivyo hivyo. Chipukizi wa miaka 39!

Ukweli ni kwamba alikuwa amejiunga na Royal Shakespeare Company, kampuni ya maigizo yenye makao yake Stratford, mwaka 1967. Kabla ya hapo alionekana kwenye tamthilia ya televisheni ya Coronation Street. Mwaka 1970 alikuwa Demetrius katika A Midsummer Night's Dream, tamthilia ya Shakespeare iliyoongozwa na Peter Brook, ile iliyochezwa ndani ya kuta nyeupe tupu, waigizaji wakining'inia kwenye bembea. Filamu ya kwanza, Fear Is the Key, ilitoka 1972, miaka kumi kabla ya Gandhi.

Mwaka 1975 akawa Hamlet, chini ya mwongozaji Buzz Goodbody. Hawakucheza kwenye ukumbi mkubwa wa Stratford. Walicheza The Other Place, ambalo wakati huo lilikuwa banda la mabati, watazamaji wakiwa karibu na mwigizaji kiasi kwamba hakuna pa kujificha. Mahali kama hapo sauti ya kupaza haisaidii. Inabidi umaanishe unachosema. Ukimtazama Gandhi wa Kingsley akiongea kwa upole mbele ya jaji, hapo ndipo alipojifunzia. Na mwongozaji Richard Attenborough, aliyekuwa ameihangaikia filamu ile kwa takriban miaka 20, hakumchukua mtu wa mtaani. Alimchukua mtu wa jukwaani mwenye uzoefu wa zaidi ya miaka kumi.

"Ndiye Mhindi wa kwanza kupata Oscar"

Usiku wa Oscar wa 1983, Gandhi ilibeba tuzo nane, na Kingsley aliwashinda Dustin Hoffman, Paul Newman, Peter O'Toole na Jack Lemmon. Ila yeye ni Mwingereza. Raia wa India wa kwanza kushika Oscar ni mbunifu wa mavazi Bhanu Athaiya, usiku uleule, kwa filamu ileile.

"Ni Myahudi"

Chanzo ni majukumu yake: amemwigiza Simon Wiesenthal, msaka Wanazi (1989), Itzhak Stern, mhasibu Myahudi katika Schindler's List (1993) na Otto Frank, baba yake Anne Frank (2001). Upande wa mama kuna simulizi kwamba babu alikuwa Myahudi wa Urusi au Ujerumani, ila imebaki simulizi ya familia, haijathibitishwa.

"Anaweza kucheza watu wapole tu"

Anayesema hivi hajaona Sexy Beast ya 2000. Kingsley ni Don Logan, jambazi wa London anayetumwa Hispania kumrudisha kazini mwenzake aliyestaafu. Hana bunduki mkononi. Anachofanya ni kukataa kusikia neno hapana, analirudia swali lake mpaka chumba kizima kinaishiwa hewa. Kwenye ndege anaambiwa azime sigara, anagoma mpaka anashushwa. Mwenyewe alisema mfano wa mhusika huyo aliuchukua kwa bibi yake mzaa mama, jambo linalokufanya umwonee huruma mtoto Krishna. Akateuliwa kuwania Oscar. Ikaenda kwa Jim Broadbent.

"Baada ya umaarufu aliachana na jukwaa"

Baada ya Gandhi alirudi jukwaani peke yake, akimwigiza Edmund Kean, mwigizaji maarufu wa Uingereza wa karne ya 19. Mwaka 1985 alikuwa Othello kule Stratford, Iago, adui yake katika tamthilia hiyo, akiwa David Suchet. Mwaka 1997 alicheza Waiting for Godot katika ukumbi wa Old Vic, London. Kilichopungua ni idadi ya maigizo.

"Amecheza filamu mbovu nyingi"

Hapa sina cha kukanusha. Filamu ya BloodRayne ilimpatia uteuzi wa Razzie, tuzo za kuwakejeli waigizaji wabovu, na si filamu pekee ya aina hiyo aliyoingia.