Chapa ya kurudiwa ni kitu gani?

Chapa ya kurudiwa ni kitabu cha zamani kilichopigwa chapa tena bila ya maneno yake kubadilishwa. Toleo jipya ni jambo jengine: humo mhariri ametia mkono, amesahihisha, ameongeza maelezo au amefasiri upya. Wauzaji huviita vyote viwili "kipya", na hapo ndipo mnunuzi wa vitabu vya historia ya Unguja na Pemba anapopotea.

Chukua kitabu cha Ingrams juu ya Zanzibar na watu wake. Kilitoka London mwaka 1931, na Frank Cass wakakirudia mwaka 1967. Ukiuona mwaka 1967 usitarajie habari za Mapinduzi. Matini ni yale yale ya 1931.

Chapa hizi ziko namna mbili. Ya kwanza ni picha za kurasa za asili. Kila mstari hubaki pahala pake, kwa hivyo ukurasa anaoutaja mtafiti mwengine utaukuta kwa namba ile ile. Hii ndiyo ya kutafuta. Ya pili, kompyuta imeyasoma maandishi ya zamani na kuyapanga upya. Kompyuta huvuruga zaidi majina ya Kiswahili na Kiarabu, tanbihi huzama katikati ya aya, na faharasa huelekeza kwenye kurasa zisizolingana tena. Kwa kazi ya historia, namna hii haifai hata kwa bei ya chini.

Picha nazo zina kasoro zake. Ramani za kukunja aghalabu hupigwa picha zikiwa zimekunjwa, ukabaki na kipande cha pwani tu. Kitabu cha Burton juu ya Zanzibar, cha 1872, kina juzuu mbili, na si ajabu kuuziwa moja bila ya kuambiwa. Tena kuna hadithi alizozikusanya Edward Steere, zilizotoka 1870: Kiswahili ukurasa mmoja, Kiingereza ukurasa unaoelekeana nao. Ukurasa mmoja tu ukipungua mwanzoni, hadithi na tafsiri yake hupeana mgongo kitabu kizima.

Kabla ya kulipa, tafuta katika WorldCat, orodha ya mtandaoni ya vitabu vya maktaba za dunia, mwaka wa kwanza, idadi ya juzuu na ya kurasa. Kisha fungua nakala ya Internet Archive, maktaba ya bure ya mtandaoni, uone ramani na picha zilizokuwemo. Mwombe muuzaji picha tatu: ukurasa wa jina la kitabu, nyuma yake, na ukurasa wowote wenye tanbihi. Kitabu "cha 1872" chenye ISBN, yaani namba ya kukitambulisha kitabu, ndani yake ni cha kurudiwa, maana namba hizo hazikuwepo kabla ya miaka ya 1960. Ukiwa Unguja, anza kwa kuuliza Nyaraka za Taifa, Kilimani.

Pana vitabu ambavyo kurudiwa hakutoshi. Periplus, mwongozo wa mabaharia ulioandikwa kwa Kigiriki katika karne ya 1, unakitaja kisiwa cha Menouthias, ambacho wengine husema ni Pemba, wengine Unguja. Tafsiri ya Schoff ya 1912 imejaa sokoni kwa sababu haki zake zimekwisha. Toleo la Casson la 1989 lina Kigiriki chenyewe, tafsiri mpya na ufafanuzi. Anayetaka kuupima mjadala wa Menouthias alinunue hilo, ingawa bei yake ni kubwa zaidi.