Kutoa betri hakufuti sevu

Wiki hii nimeletewa tena kaseti iliyochokonolewa. Ni Pokémon Sapphire ya Game Boy Advance. Skrubu yake ya mabawa matatu imeliwa kichwa mpaka imekuwa duara, ganda limepasuka pembeni, na ndani, mahali pa betri ya sarafu, kimebaki kipande cha bati kilichopinda, kimeng'oka pamoja na shaba ya bodi. Mwenye nayo ni kijana wa miaka 13 hivi. "Fundi, nilitaka ianze upya. Nikaambiwa nitoe betri nisubiri dakika tano. Nimeiacha usiku kucha, asubuhi bado inaniletea jina la mtu mwingine."

Angesubiri mwaka mzima, jina lingekuwa palepale. Sikumkasirikia yeye. Niliyemkasirikia ni aliyemwambia, na aliyemwambia huyo naye, kwa sababu ushauri huu nimeusikia tangu siku nilipoanza kushika pasi ya kuchomelea, na unazidi kuua kaseti ambazo hakuna kiwanda kinachozitoa tena. Kwa hiyo leo naandika yote mahali pamoja. Atakayeniuliza tena nitamtumia ukurasa huu.

Ushauri wenyewe ulikuwa kweli zamani, na ni haki niseme hivyo. Game & Watch za Nintendo, zilizoanza 1980, zilihifadhi saa na alama za juu kwenye chipu iliyotegemea betri za mashine yenyewe. Kulikuwa na tundu dogo lililoandikwa ACL. Unachomeka ncha ya kalamu, kila kitu kinafutika. Ukitoa betri, vilevile. Vigemu vya kupanga matofali vilivyokuja baadaye navyo ni hivyohivyo. Aliyekulia kwenye mashine hizo alijifunza kitu sahihi kuhusu mashine hizo.

Game Boy ya 1989 ikabadilisha mambo. Betri nne za AA zilizoko mgongoni ni chakula cha mashine peke yake. Kaseti yenye sevu, yaani maendeleo ya mchezaji yaliyohifadhiwa, ina chipu yake ya kumbukumbu, na pembeni ya chipu hiyo kuna betri ya sarafu inayoilinda hata kaseti ikilala kabatini miaka kumi. Tetris haina betri hiyo, ndiyo maana ukizima alama zako zimekwenda. Pokémon Red inayo. Kwa hiyo ukitoa AA kwenye mashine ukasubiri dakika tano, ulichofanya ni kuizima kwa dakika tano.

Tatizo jingine ni neno lenyewe. Watu wanasema "kuriseti" wakimaanisha vitu vinne. Kuna kuzima na kuwasha mashine. Kuna kurudi kwenye skrini ya mwanzo bila kuzima: kwenye gemu nyingi za Game Boy na Advance unabonyeza A, B, Start na Select kwa pamoja, kwenye Pokémon za DS, mashine ya mkononi ya Nintendo iliyofuata, ni L, R, Start na Select. Kuna kufuta sevu ya gemu moja. Na kuna kurudisha konsoli nzima ilivyotoka kiwandani. Viwili vya kwanza havigusi sevu hata kidogo. Asiyeamini awaangalie wanaotafuta Pokémon wenye rangi adimu: wanasevu mbele ya mnyama, wanamwangalia, hana rangi, wanabonyeza vitufe vinne, wanarudi palepale. Katika gemu za Pokémon za kizazi (kundi la kutolewa) cha pili mpaka cha tano uwezekano ni mmoja kati ya 8,192, kwa hiyo wapo walioriseti maelfu ya mara. Kama kuriseti kungekuwa kunafuta sevu, wangepoteza kila kitu kwenye jaribio la kwanza.

Hatari iko kwenye kuzima wakati gemu inaandika. Hapo chipu inabaki na nusu ya zamani na nusu mpya. Gemu ikiwaka inajumlisha hesabu ya kuhakiki, inaona haikubaliani, na inakuambia data zimeharibika. Ndiyo sababu The Legend of Zelda kwenye NES, konsoli ya zamani ya Nintendo ya kuunganisha na TV, iliwataka watu washikilie kitufe cha Reset wakati wa kuzima: kichakataji kikiwa kimezuiliwa, hakiwezi kuandika takataka kwenye kumbukumbu umeme unapoyumba. Kumbe pale Reset ilikuwa mlinzi wa sevu.

Sasa nije kwenye linalonichosha kuliko yote, hata kuliko betri. Mtu ananiambia, "Nimechagua gemu mpya, basi ya zamani imefutika." Haijafutika. Kwenye Pokémon, kuchagua gemu mpya kunaanza hadithi mpya kwenye kumbukumbu ya muda ya mashine. Sevu ya zamani imekaa kimya kwenye kaseti, nzima, mpaka wewe mwenyewe useme sevu. Unaweza kuanza upya, ukatembea, ukachagua Pokémon wa kwanza, ukacheza saa sita, ukazima. Ukiwasha utakuta ya zamani, na saa zako sita hazipo. Nimeona mtoto analia kwa hilo: akidhani kaseti ni mbovu, kumbe hakuwahi kusevu, kwa sababu alipojaribu aliona onyo akaogopa akabonyeza hapana.

Onyo hilo halifanani kila gemu, na hapa ndipo watu wanapopotezana, kila mmoja akielekeza kwa gemu aliyocheza yeye. Red na Blue zinakuuliza kwa kifupi kama faili ya zamani ifutwe ili mpya iingie. Ruby na Sapphire zinaonya kwa sauti kubwa kwamba ukiendelea, safari ya faili ile, vitu vyake na Pokémon wake, vyote vitapotea. Ukikubali, inaandika. Kuanzia Diamond na Pearl za 2006 mlango umefungwa: maadamu kuna sevu nyingine, gemu inakataa kabisa kusevu mpya juu yake. Unaweza kucheza mchana kutwa na hakuna kitakachobaki. Anayekuambia "wee sevu tu juu yake" alicheza Sapphire, na wewe umeshika Diamond.

Njia safi ipo, imo ndani ya gemu, na haihitaji bisibisi. Pokémon zote kuanzia Red mpaka za kizazi cha tano kwenye DS: fika kwenye skrini ya jina la gemu, shikilia mshale wa juu, Select na B kwa pamoja. Inakuuliza kama ufute kila kitu, na kishale kimewekwa makusudi kwenye "hapana", kwa hiyo lazima ukisogeze mwenyewe. Kwenye 3DS, kwa X na Y mpaka Sun na Moon, ni mshale wa juu, X na B. Kwenye Red kufuta huku ni kufuta haswa: kumbukumbu yote ya kilobaiti 32 inajazwa namba 255 mwanzo hadi mwisho.

Gemu nyingine zina chaguo la kufuta palepale kwenye orodha ya mafaili. Fungua uangalie kabla ya kutafuta bisibisi. Ipo na moja isiyo na njia yoyote: Resident Evil: The Mercenaries 3D ya 2011 kwenye 3DS, ambayo sevu yake iko ndani ya kadi na haifutiki na mchezaji. Aliyenunua iliyotumika alirithi maendeleo ya mwenzake. Lile lilikuwa kosa la kubuni, na walionunua walikuwa na haki ya kulalamika.

Kwenye PSP ya Sony usihangaike na diski yake, UMD, haiandikwi kitu. Sevu ziko kwenye kadi ya kumbukumbu, Memory Stick, nenda sehemu ya data zilizohifadhiwa, ufute ya gemu unayotaka.

Switch ya Nintendo inahitaji nafasi zaidi, kwa sababu pale makosa yamegeuka. Zamani watu walifuta kidogo kuliko walivyokusudia. Kwenye Switch wanafuta kupita kiasi. Sevu zinakaa ndani ya konsoli, hata kama gemu ni ya kadi. Kuchomoa kadi hakufuti. Kufuta gemu kwenye skrini ya nyumbani na kuipakua tena hakufuti pia, na kwa sehemu kubwa hilo ni jambo jema. Mtu akishafuta na kupakua mara mbili na bado anakuta mhusika wake wa zamani, uvumilivu unamwisha, anaingia kwenye mipangilio na kurudisha konsoli nzima kiwandani. Mama mmoja aliniletea Switch iliyofanyiwa hivyo na mwanawe mdogo, aliyetaka kuanza upya gemu moja tu. Sevu za kaka yake na dada yake zilikwenda zote. Alikuja na swali moja, kama naweza kuzirudisha. Hawakuwa na nakala kwenye huduma ya wingu. Sikuweza, na kumwambia mzazi hivyo watoto wamesimama nyuma yake ni kazi nzito kuliko kuchomelea chochote.

Njia ilikuwa fupi: mipangilio ya mfumo, usimamizi wa data, kufuta data za sevu, chagua gemu, chagua mtumiaji. Imekwisha. Na bado kuna njia bora zaidi ambayo karibu hakuna anayeniuliza. Gemu nyingi za Switch humpa kila mtumiaji wa konsoli sevu yake. Tengeneza mtumiaji mpya, fungua gemu kwa jina lake, umeanza upya na hujafuta herufi moja. Pokémon Sword na Shield zinakubali hivyo. Animal Crossing: New Horizons haikubali: konsoli moja ni kisiwa kimoja, na mtumiaji mpya anahamia kisiwa kilekile kama mkazi. Ukitaka kisiwa kipya, cha zamani kinaondoka na nyumba za wote waliomo. Waulizeni kwanza wakazi wenzenu.

Na wale wa Steam Deck, mashine ya mkononi ya gemu za kompyuta: ukifuta gemu, mara nyingi nakala ya wingu inakusubiri. Unaipakua upya, inakurudishia sevu ileile uliyotaka kuiacha. Tafuta kwanza kama gemu yenyewe ina chaguo la kuanza upya.

Nirudi kwenye betri ya kaseti, maana kuna upande mmoja ambao sina uhakika nao hata mimi mwenye kazi. Kwenye kaseti za zamani kama Red, Gold na Silver, kutoa betri ya ndani kweli kunafuta, na siku moja betri itakufa yenyewe. Gold na Silver huwahi kwa sababu saa yao ya ndani inakula betri hiyohiyo. Mtu akitaka betri mpya bila kupoteza sevu, wapo mafundi wanaobadilisha huku bodi ikipata umeme kutoka kwingine. Nimefanya hivyo mara nyingi ikakubali, na mara moja mkono ulitetemeka, ncha ikagusa pasipostahili, na utoto wa mtu ukafutika mbele yangu. Tangu siku hiyo nasitasita. Nikiwa na kifaa cha kusoma kaseti nanakili sevu kwanza kwenye kompyuta, nabadilisha betri kwa utulivu, kisha nairudisha. Lakini wateja wengine hawataki kungoja, na bado sijajua vizuri niwakatalie au nikubali na mkono wangu huu.

Kwenye Ruby na Sapphire yote hayo hayahusiki, na ndiyo kosa la kijana wangu. Sevu yao iko kwenye chipu ya flash isiyohitaji umeme kukumbuka, tena ikiwa na nakala mbili zinazopokezana, moja ikiharibika gemu inafungua ya kabla yake. Betri aliyoing'oa ilikuwa ya saa tu. Alichopata kwa jasho lake ni sevu ya mgeni iliyo salama kabisa na saa iliyokufa: gemu inawaka na ujumbe kwamba betri imekwisha, matunda aliyopanda hayakui, maji ya pango la Shoal hayapandi wala hayashuki.

Nilirudisha njia ya shaba kwa waya mwembamba, nikaweka betri ya sarafu CR1616 mpya yenye masikio yaliyochomelewa tayari. Nikamweleza kwamba betri mpya peke yake haitoshi kwa sevu ile, kwa sababu saa imeanza kuhesabu upya wakati sevu inakumbuka siku nyingi zilizopita. Matunda yangeendelea kugoma. Safari mpya haina kumbukumbu hiyo. Kwa mara ya kwanza wiki hiyo, kuanza upya ndiyo ilikuwa dawa.

Kabla ya kufuta chochote huwa nasoma kwa sauti kilichoandikwa kwenye menyu: jina, beji, saa za kucheza. Huyu alikuwa na beji zote nane na saa 112. Nikamuuliza kama anamjua. Akasema hapana, kaseti aliinunua hivyo. Nikamuuliza tena. Akainyamazia skrini kidogo, kisha akashika juu, Select na B mwenyewe, akasogeza kishale kwenda ndiyo.

Gemu ikaanza ndani ya lori la kuhama. Alipopanda chumbani kwake gemu ikamwambia aweke saa ya ukutani. Akainua macho kuangalia saa yangu, akarudi kuzungusha mishale, dakika kwa dakika, mpaka zikalingana.