Malvina si jina la kale

Wengi hulihesabu Malvina, jina la kike, miongoni mwa majina ya kale ya Kikelti. Kumbe lilibuniwa miaka ya 1760 na Mskoti James Macpherson, katika mashairi aliyodai kuyatafsiri kutoka kwa Ossian, malenga wa zamani. Humo Malvina ni mchumba wa Oscar, mwana wa Ossian. Kwa kawaida huelezwa kuwa limetokana na maneno ya Kigaeli cha Uskoti, lugha ya Kikelti, mala mhìn, yaani nyusi laini. Malighafi ni ya Kikelti basi. Umri ndio uliotiwa chumvi. Hata Napoleon aliyapenda mashairi hayo.

Na visiwa vya Malvinas, yaani Falkland? Havimhusu bibi huyu hata kidogo: jina la visiwa hivyo lilitokana na mabaharia Wafaransa wa Saint-Malo.