Tarehe 30 Juni: mzee aliyetumikia jeshi anahitaji faili, kiti na blanketi

Kila mwaka 17 Mei, siku ya jeshi, na 30 Juni, siku ya uhuru, zikikaribia, watu wa Lubumbashi wanataka kuwaheshimu wazee waliotumikia jeshi. Nia ni njema, hatuna neno nayo. Kinachotuchosha ni liste za majina. Mtu anapita lupango kwa lupango katika komini za Katuba, Kenya, Ruashi, na daftari mkononi, anasema Leta (Serikali) itatoa makuta, yaani pesa, ya wazee siku ya fete, kisha anaomba pesa ya kuandika jina. Tarehe 30 Juni ni siku ya mapumziko. Ofisi zimefungwa, keshia yuko kwake. Hakuna pansio (malipo ya uzeeni) inayoandikishwa barabarani, wala siku ya fete wala siku nyingine.

Anayechukua pesa ya watu kwa hila ya namna hiyo anaangukia kifungu cha 98 cha sheria ya adhabu: kifungo cha miezi 3 hadi miaka 5, na faini juu yake. Anayeandika karatasi ya uongo anaangukia kifungu cha 124: miezi 6 hadi miaka 5, faini, au kimojawapo. Anayeitumia huku akijua ni ya uongo hayuko nje. Familia inayokubali shangazi aandikwe "mjane" ili faili ya pansio ipite imeingia humo humo, hata kama hesabu ilikuwa kumsaidia mama.

Mpiganaji wa zamani ni yule aliyetumikia mwenyewe jeshi la nchi, kwa majina yake yote: Force Publique ya wakoloni hadi 1960, ANC baadaye, FAZ kuanzia 1971, FAC kuanzia 1997, kisha FARDC. Mjukuu wa askari aliyepigana Tabora mwaka 1916 au Saïo, Ethiopia, mwaka 1941 ana babu wa kujivunia, lakini yeye si mpiganaji wa zamani. Tumelisema mara nyingi. Kijana aliyetoka kwenye kundi la silaha na kuliacha porini, njia yake ni P-DDRCS, programu ya kuwapokonya silaha na kuwarudisha wapiganaji katika jamii, iliyoundwa 2021. Pansio ya jeshi ni jambo jingine. Swali la wajandarme, askari wa Katanga iliyojitenga, wa 1960 hadi 1963 linarudi kila Juni, na halitajibiwa hapa.

Sasa faili ya pansio. Siku ya fete watoto wote wako nyumbani, ndugu wa Likasi na Kolwezi wamefika, na mzee bado anakumbuka. Kabla ya bukari (ugali) kuiva, toeni ile valizi chini ya kitanda. Mtafute kwanza matrikule, namba yake ya jeshi, kwa sababu ndiyo inayounganisha karatasi zote. Jina peke yake halitoshi, na sababu yake ni historia ya nchi: mwaka 1972 majina ya Kikristo yalikatazwa, kwa hiyo mzee aliyeingia jeshini kama Joseph anaonekana kwenye karatasi za baadaye kwa jina la kiasili tu, na mara nyingine na postinomu, jina la nyongeza, isiyokuwepo kwanza. Mahali pa kuzaliwa panabadilika vilevile: Élisabethville ikawa Lubumbashi, Jadotville ikawa Likasi. Msisahihishe kitu kwa biki (kalamu). Herufi moja iliyoongezwa na mtoto mwenye nia nzuri inaifanya karatasi ya kweli ionekane ya uongo. Pigeni fotokopi tatu za kila karatasi, pande zote mbili, maana muhuri mara nyingi uko nyuma. Originali isibandikwe plastiki kwa moto: haipigwi muhuri tena, na wino hauwezi kukaguliwa.

Mzee akiwa amefariki, mama, mjane wake, anahitaji akti (cheti) ya kifo na akti ya ndoa. Mahari na picha za arusi hazichukui nafasi ya akti. Ndoa iliyofungwa katika familia inatakiwa kuandikishwa mbele ya ofisa wa hali ya raia ndani ya mwezi mmoja. Wengi hawakufanya hivyo, na miaka arobaini baadaye wanashangaa. Hapo njia inapita tribinali ya amani (mahakama), kuomba hukumu inayosimama badala ya akti, na mashahidi waliojua ndoa ile. Waandikeni mashahidi hao siku hiyo hiyo ya fete, na namba zao za simu. Nao wanazeeka.

Medali ya babu iwekwe mezani juu ya kitambaa. Mjukuu asiivae wala asivae uniforme: kuvaa hadharani nishani au uniforme isiyo yako ni kosa. Msiisugue kwa majivu na ndimu. Maandishi ya kwenye kibao kidogo cha utepe, yanayosema vita gani, yanafutika.

Kuhusu defile, gwaride la siku ya fete: Juni ni baridi, na asubuhi inaweza kushuka chini ya nyuzi 10. Kumleta mzee saa kumi na mbili akae hadi saa tano bila kula, bila dawa yake ya tansio (shinikizo la damu), na choo kikiwa mbali, ni kumtesa. Kiti chenye mgongo, blanketi, chai, dawa mfukoni, mtoto mmoja asiyeondoka pembeni yake. Akitaka kubaki nyumbani, abaki. Milio ya bunduki za heshima si kila mzee anaiweza. Jioni, mbabula (jiko la makala) isiingizwe chumba kilichofungwa. Moshi wa makala usioonekana unaua watu waliolala.

Tarehe 1 Agosti, siku ya wazazi, asubuhi ya makaburi, nyasi zimekauka. Fyekeni kwa jembe na panga, msichome: moto unahamia kwenye misalaba ya mbao ya majirani. Kwenye msalaba andikeni jina kama lilivyo kwenye karatasi ya jeshi, cheo, matrikule na miaka, kwa rangi ya mafuta. Chokaa inaondoka na mvua za kwanza.